Barabara moja, nchi mbili, lugha moja

(Maneno ya mama mmoja mwanachama, mwalimu wa masomo ya msingi, mbele ya mkutano mkuu wa chama ku Baraka. Komite iliomba yaandikwe vile yalivyosemwa.)



Komite iliniomba niseme juu ya lugha. Kila mtu hapa anajua sababu. Kuko maneno mawili juu ya meza yetu. Neno la kwanza ni masomo ya Kibembe ya siku ya posho kwa watoto wenye walizaliwa ukimbizini: tuyaendeleze ao tuyafunge? Neno la pili lilitoka kwa wenzetu wengine. Wanaomba fomu ya kuingia mu chama iulize mtu anasema lugha gani ya nyumbani, na yule mwenye hawezi kujibu kwa Kibembe angojee nyuma wakati wa kugawa mabati na wakati wa mkopo.

Mimi nitasema ndiyo ku neno la kwanza na hapana ku neno la pili. Lakini sitaanza na Fizi. Hapa kwetu kila mmoja ana kidonda chake, na ukikigusa mtu anakunja uso mbele hajasikia. Basi tuangalie kwanza kidonda cha watu wengine, watu wa mbali, kisha turudi nyumbani tukiwa tumetulia.

Mahali penyewe

Nilikaa miaka tisa mu mji wa Kerkrade, kusini kabisa mwa Uholanzi, mu jimbo la Limburg. Wengi wenu mnajua njia yenye ilinifikisha: ziwa, Kigoma, kambi ya Nyarugusu, majina ku ubao, maulizo bila mwisho, kisha ndege. Kule nilifanya kazi ya kutunza wazee. Ni wazee wale wenye walinifundisha habari nitakazowaambia leo.

Kerkrade iko ku mpaka. Ng'ambo, upande wa Ujerumani, kuko mji wa Herzogenrath. Kila mji uko na watu zaidi ya 40,000. Ukiwa mgeni, hauwezi kujua huu unaishia wapi na ule unaanzia wapi. Kuko barabara moja ndefu yenye majina mawili: Waholanzi wanaiita Nieuwstraat, Wajerumani wanaiita Neustraße. Yote mawili ni kusema Barabara Mpya. Nyumba za mkono huu ziko Uholanzi, za mkono ule ziko Ujerumani. Mama anaweza kutoka na sufuria ya supu kumpelekea mgonjwa ng'ambo ya barabara, na tayari amesafiri nchi nyingine.

Zamani ile yote ilikuwa nchi moja ndogo, nchi ya Rode. Kuko pale nyumba kubwa ya watawa, Rolduc, yenye ilianzishwa mwaka 1104, na majengo yake yanasimama mpaka leo. Napoleon alipoanguka, wakubwa wa Ulaya walikaa Vienna mwaka 1815 wakagawanya mashamba ya watu. Mwaka wa 1816, ku mji wa Aachen, Uholanzi na Prusia waliweka sahihi juu ya mpaka wao. Kerkrade ikaenda huku, Herzogenrath ikaenda kule. Mkulima hakuna mwenye alimuuliza. Sisi Wakongo, mtu akituambia kwamba wakubwa walikaa mu mji wa mbali na kalamu na karata, hatuna haja aseme mara mbili. Kwetu ilikuwa Berlin, 1884 na 1885. Wale wazungu wa Kerkrade waliyaona mambo hayo mbele yetu, tena kutoka kwa wazungu wenzao.

Mpaka ule miaka mingine ulilala, miaka mingine uliamka. Wakati wa vita ya kwanza waliweka wavu wa chuma katikati ya barabara. Kisha vita ya pili, nchi zile mbili zilikuwa hazitazamani tena. Watu wa eneo lile walipitisha kahawa usiku kwa magendo kwenda Ujerumani, juu kodi ya kahawa kule ilikuwa kubwa sana. Mnacheka, juu mnajua biashara ya usiku ku ziwa letu. Baadaye wavu uliondolewa, kukabaki ukuta mfupi katikati ya barabara, ukuta wenye hata mtoto anaruka. Ukuta ule nao ulitolewa katika miaka ya 1990. Mwaka 1998 miji ile miwili ilianzisha shirika moja la utawala, Eurode, ili kazi nyingine wazifanye pamoja.

Nao walikimbia

Neno moja nilitaka wafadhili na vijana walisikie vizuri. Mwisho wa mwezi wa 9 mwaka 1944, jeshi la Amerika lilikuwa limekaribia, na Wajerumani wakaamuru watu wa Kerkrade watoke mu mji. Karibu watu 30,000 walitoka kwa miguu: wazee mu mikokoteni, watoto mgongoni, vitu mu mashuka. Mwanzoni mwa mwezi wa 10 mji ukakombolewa, na watu wakaanza kurudi. Walikuta nini? Milango imevunjwa, vyumba vimechokolewa.

Niliwaosha wazee wenye walikuwa watoto siku ile. Mtu amesahau jina la mtoto wake, hajui leo ni siku gani, lakini anakuambia rangi ya shuka lenye mama yake alifungia mikate. Na hilo hawezi kukuambia kwa Kiholanzi. Anakuambia kwa lugha ya nyumbani. Nesi mwenye hajui lugha ile anaandika mu kitabu: mgonjwa anachanganya maneno. Hachanganyi. Amerudi tu kwao.

Lugha yao

Wenyewe wanaiita Kirchröadsj, na mji wao wanauita Kirchroa. Ni moja kati ya lugha nyingi ndogo za Limburg, juu kule karibu kila mji una namna yake. Wenye elimu ya lugha wanasema kwamba Kirchröadsj kwa damu ni ndugu ya lugha za Aachen na Cologne, si ya Maastricht, kwa hiyo wanaiweka mu kundi la Kiripuari. Wenyeji hawapotezi usingizi juu ya hilo. Wao wanakaa Limburg, basi wanasema lugha yao ni Kilimburgi.

Sikilizeni kidogo. Neno "mimi": Mholanzi anasema ik, Mjerumani anasema ich, mtu wa Kerkrade anasema iech. "Kufanya": Mholanzi maken, Mjerumani machen, mtu wa Kerkrade maache. "Wakati": tijd, Zeit, na kwao tsiet. "Maji" kwa Kiholanzi ni water, lakini mtu wa Kerkrade anasema wasser, sawa na jirani yake wa ng'ambo. Serikali na shule ziko Uholanzi, lakini mdomo ulivuka barabara tangu zamani. Hata kanisani, mpaka mwanzoni mwa karne ya 20, Kerkrade walizoea mahubiri ya Kijerumani.

Kisha kuko sauti. Mu lugha za Limburg, neno linaweza kubadilika maana kwa kupandisha ao kuvuta sauti tu. Mu Kirchröadsj neno moer likivutwa namna moja ni ukuta, likivutwa namna nyingine ni karoti. Mholanzi wa Amsterdam hasikii tofauti yoyote. Mimi nilisikia wiki ya kwanza. Mzee mmoja alinijaribu mara kumi, ukuta, karoti, karoti, ukuta, na mara kumi nilimjibu sawa, akawaita wenzake waje kuangalia mwujiza. Haukuwa mwujiza. Kiswahili hakina jambo hilo, lakini Kibembe kinalo, Kifuliiru kinalo, Mashi inalo. Mwenye anajua Lingala anajua: kokoma kwa sauti moja ni kuandika, kwa sauti nyingine ni kufika. Sikio langu lilifundishwa hapa Fizi na bibi yangu mwenye hakusoma hata siku moja. Kitu chenye tulikuwa tunaambiwa ku masomo ni "patois" ya watu wa kijiji, kule Ulaya kilinipatia heshima.

Makaa ya mawe

Sasa nifike ku kazi, juu lugha inakula pale mtu anapokula.

Chini ya Kerkrade kulikuwa makaa ya mawe. Watawa wa Rolduc walikuwa tayari wanachimbisha katika karne ya 18. Wafaransa walipoingia waliwanyang'anya migodi ikawa mali ya serikali, njo maana mgodi mkubwa wa pale uliitwa Domaniale. Katika karne ya 20 migodi iliongezeka Limburg yote ya kusini: Wilhelmina, Julia, Laura, Oranje-Nassau, na mengine. Watu wakaja kutoka kila upande: Wajerumani, Wapolandi, Waslovenia, Waitalia, baadaye Wamoroko.

Chini ya ardhi hakuna wakati wa kubishana juu ya lugha. Mwenzako anatakiwa akuelewe mara moja, ama paa linawaangukia wote. Maneno mengi ya kazi yalitoka Ujerumani. Mwenzako wa mgodini ni koempel. Kitambaa chenye unafungia nguo zako za kazi ni pungel. Salamu ya kushuka ni Glück auf, kusema upate heri na upande tena salama. Wazee wangu bado waliitana koempel, mmoja kitandani, mwingine ku kiti cha magurudumu, wote wawili mapafu yamejaa vumbi.

Lakini mgodi haukufanya jambo moja kila mahali, na hapa ninaomba mnisikilize vizuri. Mji wa Heerlen, jirani ya Kerkrade, mwaka 1900 ulikuwa mji mdogo wa watu elfu chache. Ilipofika 1930 ulikuwa na watu zaidi ya 40,000. Wageni walikuwa wengi mno kupita wenyeji, na wakubwa wa migodi na wa serikali walisema Kiholanzi. Basi lugha ya mji ilirudi nyuma, watu wakashika Kiholanzi, lakini Kiholanzi chenye harufu ya Limburg. Mwanamke mmoja wa elimu, Leonie Cornips, amefanya kazi ndefu juu ya Kiholanzi kile cha Heerlen. Kerkrade, kwenye kazi ya makaa ilikuwa ya zamani na jirani walikuwa wamekwisha kujuana, lugha ilishika nguvu zaidi, na watoto wengi wa wageni waliingia ndani yake.

Upande wa Ubelgiji, ku Eisden, ilitokea kitu cha tatu. Watoto wa wachimbaji wa kila taifa walikaa mu kartie moja ya kampuni, wakatengeneza lugha yao ya kuchanganya Kijerumani, Kiholanzi cha kule na lugha ya mtaa. Inaitwa Cité Duits. Wazazi wao hawakuisema. Watoto wao pia hawaisemi. Ilizaliwa mu barabara za kartie na inazikwa na wale wazee waliobaki.

Mnaona? Heerlen, Kerkrade, Eisden: makaa yaleyale, wageni walewale, mambo matatu tofauti. Na tuongeze la nne: Katanga. Union Minière ilikusanya watu kutoka Kasai, Rwanda, Rhodesia ya Kaskazini na kwingine, na Kiswahili chenye hakikuwa cha mama ya mtu pale kikawa cha watoto wa kambi zile. Leo mtu wa Lubumbashi anakipenda kama mama. Kwa hiyo mtu asiniambie kwamba wageni wakija lugha ya wenyeji lazima ife, ama lazima iwameze. Inategemea nani anasema na nani, wapi, na wanakula nini pamoja.

Kufungwa

Tarehe 17 mwezi wa 12 mwaka 1965, waziri mmoja, Joop den Uyl, alisimama mu teatro ya Heerlen akatangaza kwamba migodi itafungwa. Uholanzi ilikuwa imevumbua gesi nyingi kaskazini, petroli ilikuwa bei rahisi, makaa ya nje yalikuwa bei rahisi. Domaniale na Wilhelmina zilifungwa 1969. Siku ya mwisho ya mwaka 1974 makaa ya mwisho yalipanda ku Heerlen. Kazi nyingine ziliahidiwa, nyingine zilikuja, nyingi hazikuja. Minara ya migodi ilibomolewa. Ku kilima cha taka za Wilhelmina leo watu wanateleza juu ya teluji ya mashine, ni mchezo.

Baada ya hapo wazazi walianza kufikiri kama wazazi wote wa dunia. Mtoto hatashuka tena mgodini, atatafuta kazi mu biro, ao Amsterdam. Atahitaji Kiholanzi kizuri. Basi tuseme naye Kiholanzi toka utoto. Hakuna mwenye aliamua kuua lugha. Kila mama aliamua tu juu ya mtoto wake mmoja. Upande wa Ujerumani ilipungua zaidi, juu kule Kijerumani cha shule kiko karibu sana na lugha ya nyumbani, na kiliifunika pole pole.

Na hapa kuko jambo la kuchekesha na la kuhuzunisha. Wakati ukuta ulikuwa katikati ya barabara, mababu wa pande mbili walizungumza juu yake kwa lugha moja. Ukuta umetoka. Nilikaa karibu na barabara ile, na nilisikia kwa masikio yangu vijana wawili, mmoja wa mkono huu na mmoja wa mkono ule, wakielezana kwa Kiingereza. Nyumba zao zinatazamana.

Namna wanavyojitetea

Hawakulala. Chama cha Veldeke kinafanya kazi ya lugha za Limburg tangu mwaka 1926. Mwaka 1997 serikali ya Uholanzi ilitambua Kilimburgi kuwa lugha ya eneo, chini ya mkataba wa Ulaya juu ya lugha ndogo. Ubelgiji, yenye ina Limburg yake, haikufanya hivyo. Mwaka 2003 walikubaliana namna moja ya kuandika. Kerkrade wana kamusi yao wenyewe.

Lakini mkiniuliza nini hasa kinaibakisha ile lugha, sitawaambia ni karata ya 1997. Karata haimfundishi mtoto kusema "nipe maji". Nitawaambia ni karnavali, wakati mji mzima unaimba kwa Kirchröadsj na kila mwaka mtu lazima atunge wimbo mpya. Ni vikundi vya muziki wa tarumbeta, juu Kerkrade tangu 1951 inapokea mashindano ya dunia ya muziki ule. Ni mpira, timu ya Roda JC, yenye jina lake linakumbusha nchi ile ya zamani ya Rode. Ni bibi mwenye anamlinda mjukuu siku tatu kwa wiki. Lugha inabaki pale mtu anaihitaji ili acheke na wengine.

Upande mwingine wa shilingi hiyo

Sitaki mtoke hapa mkifikiri ninawasifu tu. Lugha ile iliwahi pia kunifungia mlango. Ku chumba cha mapumziko wenzangu wa kazi walizungumza Kirchröadsj, na mara nyingine walibadili kuingia ndani yake pale nilipofika. Mtoto wangu ku masomo aliambiwa na mwenzake: wewe unasema Kiholanzi kama kitabu, hauko mtu wa hapa. Alikuwa na miaka minane. Alizaliwa Nyarugusu, Watanzania walimwambia hauko wa hapa. Tuliporudi Baraka, watoto wa kartie walimwita "Mzungu" na "Mtanzania" kwa siku moja. Niambieni, mtoto huyo ni wa wapi?

Nyumba yetu ya wazee ilikuwa na mzee mmoja, baba yake alitoka Poland kuchimba makaa. Jina lake ni la Kipolandi, hata kuliandika ni shida. Kirchröadsj alisema kupita wote, na wenzake walipobishana juu ya neno la zamani walimwendea yeye awe mwamuzi. Nilimuuliza aliipata wapi. Akaniambia: mama wa jirani alinilisha, na mama wa jirani hakujua lugha nyingine. Ni hivyo tu. Hakupewa fomu. Alipewa chakula.

Turudi nyumbani

Sasa, wandugu, Fizi.

Wengi wetu tulivuka ziwa 1996 na miaka ya kufuata. Wengine walikaa Lugufu, wengine Nyarugusu, wengine Burundi. Watoto walisoma, walioa, walizaa kule. Walirudi na Kiswahili cha Kigoma, wengine na Kirundi. Kibembe walikisikia usiku, wazee wakisema habari zenye hawakutaka watoto wazielewe. Hiyo pia tukumbuke: sisi wenyewe tulikifanya lugha ya siri na ya machozi, kisha tunashangaa mtoto hakipendi.

Kwa sababu gani ninataka masomo ya siku ya posho yaendelee? Haiko juu ya kujisifu. Ni juu ya shamba. Mnajua kijana mmoja wa chama chetu, yatima, mwenye alirudi kudai shamba la baba yake. Wazee walikaa, na maneno yote ya mipaka yalisemwa kwa Kibembe: mti gani, kijito gani, jiwe gani, nani alimpa nani mbuzi ili akubaliwe kulima. Kijana alikaa pale kama mtu wa kuangalia mvua. Walipomaliza walimuuliza kama anakubali. Akasema ndiyo, juu wote walikuwa wanamtazama. Aliondoka na nusu ya shamba. Siku ile hakuna mwenye alimdanganya kwa nguvu. Hakuelewa tu, na mwenye haelewi anakubali.

Kwa hiyo masomo yetu yasiwe ya kukariri hesabu moja mpaka kumi na wimbo wa kuwaonyesha wageni. Yawe ya mambo yenye mtoto atahitaji: majina ya miti ya mpaka, ya udongo, ya samaki, ya ukoo, namna ya kusalimia mzee, namna ya kusema "sikubali" kwa heshima. Mabibi watatu wako tayari kufundisha. Ninaomba tuwatoe watoto mu chumba siku nyingine, twende nao shambani na pwani, mabibi wafundishe wakiwa wanafanya kazi. Karnavali yetu sisi ni kazi, ni kilio, ni ndoa. Mtoto aitwe pale, apewe kazi pale, na aambiwe kwa Kibembe.

Na wazazi, benchi zinabaki wazi juu yetu. Mabibi wanafika, watoto hawafiki, juu tunawatuma sokoni siku ileile. Mfadhili hawezi kumleta mtoto wako.

Sasa neno la pili, la fomu. Ninawaelewa wenye walilileta. Mabati ni machache, na mtu mwenye alibaki hapa kijijini akichomewa nyumba mara mbili anamwona mwingine anarudi na Kiswahili cha Tanzania na kupewa bati. Anaumia. Lakini mkiweka lugha ku fomu, nani ataanguka wa kwanza? Yule kijana mwenye alipoteza nusu ya shamba. Tulishindwa kumfundisha, sasa tumwadhibu juu hajui. Ataanguka mjane mwenye alizaliwa Burundi, akaolewa na mtoto wetu, akamzika, akatuletea wajukuu. Ataanguka jirani wa lugha nyingine mwenye alivuka ziwa mu mtumbwi mmoja nasi, tukigawana naye kipande kimoja cha muhogo. Na mwenye atapita mbele ni nani? Mtu yeyote mwenye ulimi mwepesi, hata kama hajawahi kukosa paa.

Kisha kuko neno nzito zaidi, nitalisema polepole. Wengi wetu tulikimbia siku ile mtu mwenye bunduki alisimama njiani akauliza: wewe ni wa nani, sema kidogo tusikie. Kuko watu hapa, mkubwa ndani ya jamaa yao alikufa juu ya namna alivyojibu. Ulizo lile lisiingie mu fomu yetu, hata kama kalamu ndiyo inauliza, hata kama ni juu ya bati tu. Chama hiki kiliundwa na watu wenye walirudi. Kipimo chetu kiwe kile cha siku ya kwanza: nyumba ya nani haina paa, nani hana mtu wa kumsaidia, nani amelipa mchango wake ao ameshindwa kwa sababu ya kweli.

Maombi yangu ni matatu, na ninaomba komite iyaweke ku kura leo leo.

La kwanza: masomo ya Kibembe yaendelee, wazi kwa kila mtoto wa kartie, hata mwenye wazazi wake ni Wafuliiru, Wanyamulenge, Wabuyu ao Warundi. Mama wa jirani amlishe.

La pili: ulizo la lugha litoke ku fomu. Na mwanachama akienda mbele ya wazee juu ya shamba, chama kimpe mtu wa kumtafsiria, mzee wetu mmoja mwenye anakaa karibu yake na kumwambia sikioni kila neno, mbele hajasema ndiyo.

La tatu ni kwa wafadhili. Hatuombi jengo, na hatuombi vitabu vyenye rangi kutoka mbali. Tunaomba kitu kidogo cha kuwashukuru mabibi watatu, juu nao wanaacha soko siku ya posho, tunaomba daftari, na kifaa cha kushikia sauti, ili maneno ya mipaka ya mashamba yabaki siku mabibi watakapotuacha. Wazee wale wa Kerkrade wamekwisha kupungua sana, na maneno mengi ya mgodini yalishuka nao kaburini. Wale walikuwa na serikali tajiri, kamusi na redio. Sisi tuna mabibi watatu, na mmoja amekwisha kuanza kusahau.

Nimemaliza. Masomo ni siku ya posho, saa mbili za asubuhi, chini ya mwembe karibu na kanisa. Prezida, ninakurudishia neno.